Frances Marion, mwandishi aliyevuka kutoka filamu bubu hadi filamu za sauti: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Wapenzi wa filamu za zamani wanamjua Greta Garbo, wanamjua Mary Pickford, na wengi wamewahi kusikia kuhusu filamu ya The Champ. Mwanamke aliyeyaandikia majina hayo matatu hajulikani sana. Maswali yaliyo hapa chini ndiyo yanayorudi kila anapotajwa. Majibu mengine ni mafupi kwa sababu jambo lenyewe ni fupi.

Frances Marion ni nani hasa?

Ni mwandishi wa skripti wa Marekani. Alizaliwa San Francisco tarehe 18 Novemba 1888, akafariki Los Angeles tarehe 12 Mei 1973. Wazazi wake walimwita Marion Benson Owens. Frances Marion ni jina alilolichukua alipoingia kwenye filamu. Aliandika filamu zaidi ya 100, nyingi zikiwa bubu, kisha sauti ilipoingia akaendelea kama vile hakuna kilichotokea. Kati ya 1930 na 1932 alipata Oscar mbili. Hakuna mwandishi, mwanamume wala mwanamke, aliyekuwa amepata mbili kabla yake.

Alianzaje? Alisomea uandishi?

Hapana. Alisomea uchoraji. Alikuwa katika chuo cha sanaa cha Mark Hopkins huko San Francisco, na tetemeko la 1906 pamoja na moto uliofuata vikakiteketeza chuo hicho pamoja na sehemu kubwa ya mji. Akafanya kazi kwa mpiga picha Arnold Genthe, akachora matangazo, na miaka michache baadaye akahamia Los Angeles.

Mlango wa filamu alifunguliwa na mwanamke mwenzake, Lois Weber, mmoja wa waongozaji waliokuwa juu kabisa wakati ule. Mwaka 1914 hivi Weber alimchukua kama msaidizi. Studio za wakati ule hazikuwa na mipaka ya kazi: leo unashona nguo, kesho unasimama mbele ya kamera, keshokutwa unakata filamu. Kwa hiyo Marion alijifunza uandishi akiwa ameshika mkasi na utepe wa filamu mkononi.

Kuna kisa cha siku zake Fort Lee, New Jersey, ninachokipenda. Alipoomba kazi kwa mzalishaji William Brady, alijitolea kufanya kazi bila malipo kwa muda ili wamwone uwezo wake. Akachukua filamu iliyokuwa imewekwa kabatini kwa sababu haikufaa kuonyeshwa. Aliyeigiza ndani yake alikuwa Alice Brady, binti wa tajiri mwenyewe. Marion akaandika mwanzo mpya na mwisho mpya, na filamu iliyokuwa hasara ikauzika. Hapo akaajiriwa. Mtu anayeweza kuokoa picha ambazo zimeshapigwa ameshaelewa kwamba hadithi hujengwa kwa mpangilio. Ujuzi huo ulikuja kumfaa sana baadaye.

Kisha akaja Mary Pickford, rafiki yake wa karibu na nyota mkubwa kuliko wote wa enzi ile. Marion alimwandikia The Poor Little Rich Girl, Rebecca of Sunnybrook Farm na A Little Princess, zote za 1917, kisha Stella Maris mwaka 1918 na Pollyanna mwaka 1920. Miaka mingi baadaye, Pickford alipocheza filamu yake ya mwisho, Secrets ya 1933, aliyeandika skripti alikuwa Marion yuleyule.

Sauti ilipoingia, ni nini hasa kilichobadilika kwa mwandishi?

Karibu kila kitu, na kwa muda mfupi. The Jazz Singer ya kampuni ya Warner ilionyeshwa New York tarehe 6 Oktoba 1927. Miaka miwili baadaye filamu bubu zilikuwa zinakata roho.

Mwandishi wa filamu bubu alikuwa akipanga picha: nani anaingia, anashika nini, anatazama wapi, kamera iko karibu au mbali. Maneno yalikuwa machache na yalikaa kwenye vibao vya maandishi vilivyopachikwa katikati ya picha. Mara nyingi vibao hivyo viliandikwa na mtu mwingine kabisa, fundi wa kazi hiyo tu. Katika sherehe ya kwanza ya Oscar, mwaka 1929, kulikuwa na tuzo ya waandishi wa vibao, na mshindi alikuwa Joseph Farnham. Tuzo hiyo haikutolewa tena. Kazi yenyewe ilikuwa imekufa kabla hata kikombe hakijashika vumbi.

Upande wa vifaa nao ulimbana mwandishi. Kamera zilipiga kelele, kwa hiyo zilifungiwa pamoja na mpiga picha ndani ya kijumba kisichopitisha sauti, chenye joto kali. Maikrofoni zilifichwa kwenye vyombo vya maua na nyuma ya mapazia, na mwigizaji aliyesogea mbali nazo hakusikika. Ndiyo maana filamu nyingi za 1928 na 1929 zina watu waliosimama tuli miguu ikiwa imeganda, midomo tu ndiyo inafanya kazi. Studio ziliamini tatizo lao ni maneno, zikawaleta kwa wingi waandishi wa tamthilia kutoka New York. Wengi wao walijua kuandika mazungumzo ya jukwaani. Kuandika kwa ajili ya kamera hawakujua.

Basi kwa nini yeye alivuka salama?

Watu hutaja kipaji, na kipaji alikuwa nacho. Lakini mimi naona sababu mbili za kawaida zaidi.

Ya kwanza: hakuchukulia sauti kuwa ni maneno. Aliendelea kuandika picha, kisha akaamua ni wapi maneno yanahitajika na ni wapi sauti nyingine inatosha: mlango wa chuma unaofungwa, mamia ya miguu inayotembea kwa pamoja, kikombe kinachogongwa mezani. Ya pili: alimwandikia mtu, hakuandikia nafasi. Kabla hajaandika sentensi ya mwigizaji Marie Dressler alikuwa ameshamfahamu Dressler kwa miaka mingi, anajua anavyokaa, anavyovuta pumzi, anavyoweza kumfanya mtu acheke na kulia kwa mara moja. Mwandishi aliyetoka New York alikabidhiwa jina la nyota kwenye karatasi. Marion alikuwa amekula naye chakula.

Tena alikuwa na mahali pazuri. Alikuwa MGM, studio iliyochelewa kuingia kwenye sauti kwa makusudi, ikisubiri wengine wakosee kwanza. Mkuu wa uzalishaji pale, Irving Thalberg, alimwamini na kumshirikisha.

Ni yeye aliyeandika maneno ya kwanza ya Greta Garbo?

Hapa wengi humpa sifa isiyo yake. Garbo alikuwa Msweden, na MGM iliogopa kwamba lafudhi yake ingemharibia jina. Filamu yake The Kiss, ya Novemba 1929, ilikuwa ya mwisho ya bubu kwake na kwa studio nzima. Kisha wakachagua Anna Christie, tamthilia ya Eugene O'Neill kuhusu binti mwenye asili ya Sweden anayerudi kwa baba yake, nahodha wa tishali, huku akificha kwamba amekuwa akijiuza. Lafudhi ikawa sehemu ya mhusika. Tangazo la filamu mwaka 1930 lilikuwa na ujumbe mmoja tu: Garbo anasema.

Maneno yenyewe, yale ya kuagiza wiski na tangawizi pembeni na kumwambia mhudumu asimbanie, yametoka kwa O'Neill. Yamo kwenye tamthilia.

Kazi ya Marion iko kwingine. Filamu inaanza, dakika zinapita, Garbo haonekani. Tunakaa na Marthy, mwanamke mlevi wa bandarini aliyezeeka, anayechezwa na Marie Dressler, na tunamsikiliza mpaka tunazoea baa ile na moshi wake. Robo saa imeshapita ndipo mlango unapofunguliwa. Garbo anaingia, anavuta miguu, anakaa, anaweka mzigo wake chini. Hasemi bado. Ukumbi mzima uliolipa kiingilio kusikia sauti hiyo unasubirishwa kwa picha tupu. Mpangilio wa namna hii ni wa mtu aliyelelewa na filamu bubu. Kumbuka pia kwamba maneno yanasemwa mbele ya Dressler, na mwanamke yule mzee anamsoma Anna kwa jicho moja tu. Ndiye anayetuonyesha jinsi ya kumtazama.

MGM ilitengeneza pia toleo la Kijerumani, Garbo akiwemo lakini waigizaji wengine wakiwa tofauti, chini ya muongozaji Jacques Feyder. Siku hizo kuingiza sauti za lugha nyingine juu ya picha kulikuwa bado hakujakaa sawa, hivyo filamu ilipigwa upya kwa lugha nyingine.

Mwanamke wa wakati ule aliandikaje filamu ya jela kama The Big House?

Alikwenda jela. Alitembelea San Quentin, gereza la California, akatazama na kusikiliza. Mwaka 1930 filamu ikatoka, ikiongozwa na George Hill, ambaye mwaka huohuo alikuwa amekuwa mume wake.

Kisa chake: kijana wa familia nzuri, Kent, amegonga na kuua mtu akiendesha gari akiwa amelewa. Anafungwa miaka kumi na kutupwa kwenye chumba kimoja na wahalifu wawili wazoefu, Butch muuaji na Morgan mwizi. Gereza limejaa kupita kiasi, hakuna kazi ya kuwapa wafungwa, chakula hakiliki. Kwenye filamu nyingine yoyote kijana huyo mzuri wa sura angekuwa shujaa. Marion anamgeuza kuwa mwoga na msaliti, na wema wote uliopo unakutwa kwa yule mwizi. Kwa mwaka 1930 huo ulikuwa uamuzi wa kijasiri, na hata leo hauonekani mara nyingi.

Ukiitazama, fumba macho kwa dakika chache usikilize. Kuna miguu inayoburuta. Kuna bwalo la chakula ambako ghadhabu inapanda kutoka meza hadi meza. Halafu kuna tukio la vyumba vya adhabu ambalo, kwangu, ndilo bora kuliko yote: kamera inatazama ujia mtupu wenye milango iliyofungwa, haisogei, na tunachopata ni sauti tu za watu walio nyuma ya milango wakiongea wasionane. Wenzake walikuwa wanatumia sauti kuonyesha mdomo unaosema. Hapa sauti inatoka mahali ambapo jicho haliwezi kufika. Tuzo ya Oscar ya kurekodi sauti, iliyotolewa kwa mara ya kwanza mwaka huo, ilikwenda kwa filamu hii, kwa fundi wa sauti Douglas Shearer.

Kuna jambo la kuchekesha kuhusu mwanamke aliye ndani ya filamu. Mwanzoni Anne alikuwa mke wa Kent, na Morgan akimpenda. Filamu ilipoonyeshwa kwa majaribio, watazamaji hawakupenda shujaa kuchukua mke wa mfungwa mwenzake. Thalberg akaamuru vipande vipigwe upya, na mke akawa dada. Ukijua hilo utaona macho ya Anne kwenye baadhi ya picha yanambembeleza kaka yake kupita kiasi.

Na yule Joseph Farnham wa vibao? Yumo kwenye orodha ya waandishi wa mazungumzo ya The Big House, pamoja na Martin Flavin. Alifariki mwaka uliofuata.

Ni kweli alikuwa mwanamke wa kwanza kupata Oscar ya uandishi?

Kweli. Ilikuwa tarehe 5 Novemba 1930, katika hoteli ya Ambassador, Los Angeles. Wakati huo tuzo ya uandishi ilikuwa moja tu, haijagawanywa, na miongoni mwa aliowashinda ni waandishi wa All Quiet on the Western Front, filamu iliyoondoka na tuzo ya filamu bora. Mwanamke wa pili kupata Oscar ya uandishi alikuwa Sarah Y. Mason, mwaka 1934, kwa Little Women aliyoiandika pamoja na mumewe, Victor Heerman.

Marion mwenyewe hakukishangilia sana kile kisanamu. Alisema kinaiwakilisha vizuri biashara ya filamu: mwili wenye misuli, upanga unaong'aa mkononi, na nusu ya kichwa, ile yenye ubongo, imekatwa.

Uhusiano wake na Marie Dressler ulikuwaje?

Kama mtu angeniambia nichague kipande kimoja tu cha maisha ya Marion kielezwe, ningechagua hiki.

Dressler alikuwa nyota wa jukwaani, mnene, mwenye sura ambayo hakuna kampuni ya vipodozi ingeitaka. Katikati ya miaka ya 1920 simu ilikuwa imeacha kulia. Umri ulikuwa umekwenda, kazi hakuna. Marion, ambaye alikuwa amemfahamu tangu ujana wake, akaandika filamu ya kumrudisha: The Callahans and the Murphys ya 1927, vichekesho kuhusu familia mbili za Waairishi. Mpango ukaharibika. Wamarekani wenye asili ya Ireland waliona wametukanwa, wakafanya fujo kwenye kumbi, na MGM ikaiondoa filamu sokoni.

Mwingine angeacha. Marion akasubiri, akaitumia Anna Christie kumpenyeza tena, safari hii katika nafasi ndogo ambayo mtazamaji hawezi kuisahau. Mara baada ya hapo akamwandikia Min and Bill, iliyotoka 1930.

Filamu hiyo nayo ina msaada mwingine ndani yake. Chanzo chake ni riwaya ya Lorna Moon, mwandishi mzaliwa wa Scotland aliyekuwa anakufa kwa kifua kikuu na hana fedha za matibabu. Riwaya ilikuwa ya huzuni tupu. Marion akaishawishi studio iinunue, kisha akaandika kitu tofauti kabisa: mama mwenye hoteli chakavu ya bandarini, Min, anayemlea binti aliyetelekezwa, na mvuvi mlevi anayeitwa Bill. Moon alipata fedha zake, lakini alifariki mwaka huohuo.

Nusu ya Min and Bill ni vichekesho vya kurushiana vyombo, nusu ni janga. Min anaua ili binti yule aolewe kwa amani bila kumjua mama aliyemzaa. Mwishoni meli ya maharusi inaondoka, polisi wameshamshika Min mkono, naye anatabasamu. Hakuna hotuba. Uso wa Dressler umeachiwa kazi yote, na hii ni filamu ya sauti, mwaka ambao kila mtu alikuwa anataka mhusika aongee. Dressler akapata Oscar ya mwigizaji bora wa kike, akiwa na umri wa zaidi ya miaka 60. Mwaka 1932 na 1933 ndiye aliyeongoza Marekani nzima kwa kuvuta watu kwenye kumbi za sinema, mbele ya warembo wote. Alifariki Julai 1934.

Mbona alipewa Oscar ya The Champ wakati skripti inasemekana ni ya mwingine?

Kwa sababu tuzo ilikuwa ya hadithi asilia. Siku hizo Oscar ilitenganisha aliyebuni kisa na aliyekigeuza kuwa skripti. Kisa ni cha Marion; mazungumzo yaliandikwa na Leonard Praskins; muongozaji alikuwa King Vidor. Filamu ilitoka 1931, tuzo ikatolewa Novemba 1932.

Bondia aliyekwisha, mlevi na mcheza kamari, anaishi Tijuana, mji wa Mexico, na mwanawe mdogo, Dink, ambaye kusema kweli ndiye anayemlea baba. Marion alitoa nafasi ya bondia kwa Wallace Beery, ambaye alikuwa ameshamwandikia Butch wa The Big House na Bill wa Min and Bill. Mtoto ni Jackie Cooper. Beery naye akapata Oscar, ingawa aligawana na mwigizaji mwingine, Fredric March.

Kisa hicho kilirudiwa mwaka 1953 kwa jina la The Clown, na tena mwaka 1979. Kilio cha mtoto mwishoni mwa toleo la 1979 kimetumiwa na wanasaikolojia kwenye majaribio yao wanapotaka kumtia mtu huzuni. Nadhani Marion angecheka kusikia hilo, halafu angeuliza kama wanalipa.

Alilipwa kiasi gani?

Vizuri sana. Mwaka 1917 alikuwa na mkataba wa dola 50,000 kwa mwaka, fedha ambazo wakati ule mfanyakazi wa kawaida asingezipata kwa miaka mingi ya jasho. Alipokuwa MGM alihesabiwa miongoni mwa waandishi wanaolipwa zaidi Hollywood. Yeye na mume wake wa tatu, Fred Thomson, mchungaji aliyegeuka kuwa mwigizaji wa filamu za wachunga ng'ombe, walijenga jumba kubwa Beverly Hills. Thomson alifariki kwa pepopunda siku ya Krismasi 1928. Kwa hiyo filamu zote za sauti tulizozizungumzia hapa ziliandikwa na mwanamke aliyekuwa ameshafiwa na mume huyo na kuachiwa watoto wawili wadogo. Ndoa na George Hill haikudumu, na Hill alifariki 1934.

Alikuwa mwanamke pekee kwenye kazi hiyo?

Hata kidogo. Anita Loos alikuwepo, na Lenore Coffee, na Zoe Akins, na Bess Meredyth. Kati ya watu 36 walioasisi taasisi inayotoa Oscar, wanawake walikuwa watatu, na wawili kati yao walikuwa waandishi: Meredyth na Jeanie Macpherson. Wa tatu ni Pickford. Ujerumani nako, Thea von Harbou aliandika M ya 1931, mojawapo ya filamu zilizotumia sauti kwa akili kuliko zote. Baadaye alijiunga na chama cha Nazi, jambo linalofanya watu wasite kumsifu.

Waliomtangulia Marion walisaidia sana kuufanya uandishi wa filamu uonekane kazi ya kawaida ya mwanamke. Mambo yalianza kubana studio zilipokuwa makampuni makubwa na fedha kuongezeka.

Alihusika vipi na chama cha waandishi?

Machi 1933, mdororo wa uchumi ukiwa umefika shingoni, studio zilitangaza kukata mishahara kwa nusu. Waandishi wakajibu kwa kuunda upya chama chao mwezi uliofuata, John Howard Lawson akiwa mwenyekiti na Frances Marion makamu. Wapo waliomshangaa: mtu anayelipwa maelfu anatafuta nini huko? Lakini aliyekuwa juu kama yeye ndiye ambaye studio isingemfukuza kirahisi, na jina lake kwenye orodha lilikuwa kinga kwa wadogo.

Aliwahi kuongoza filamu?

Ndiyo, ila ni za bubu. The Love Light ya 1921 aliiongoza Pickford akiwa nyota na Thomson akiwa ndani, na mwaka huohuo akaongoza Just Around the Corner. Baadaye alirudi mezani.

Kwa nini nyota yake ilififia?

Mwaka 1933 alikuwa bado juu: Dinner at Eight, aliyoiandika pamoja na Herman Mankiewicz, ni ya mwaka huo, na The Prizefighter and the Lady ilimpa uteuzi mwingine wa Oscar. Kisha vitu vitatu vikafuatana.

Kwanza, Julai 1934 kanuni za maadili za Hollywood, zilizokuwa zimeandikwa 1930 na kupuuzwa, zikaanza kutekelezwa kwa nguvu. Dunia ya Marion, ya malaya wa bandarini na wauaji wenye huruma, ikawa ngumu kuandika. Pili, watu wake walikuwa wanaondoka. Dressler alikufa, Pickford akastaafu, na Septemba 1936 Thalberg akafariki akiwa na miaka 37. Camille, filamu ya Garbo aliyoshirikiana kuiandika na Zoe Akins na James Hilton, ilikamilika bila Thalberg.

La tatu ndilo ninaloliona kubwa. Skripti iligeuzwa kuwa kazi ya mstari wa kiwanda: mmoja abuni, mwingine atengeneze mazungumzo, wa tatu arekebishe, mzalishaji achague. Njia ya Marion ilihitaji akae karibu na mwigizaji, muongozaji na chumba cha kuhariri. Walipomfungia kwenye chumba kimoja cha kazi hiyo, alibaki na mshahara lakini hakubaki na mamlaka. Mwaka 1937 alichapisha kitabu cha kufundisha uandishi wa filamu. Green Hell ya 1940 ni miongoni mwa skripti zake za mwisho. Mwaka 1946 akaachana na MGM. Akaandika riwaya, akachonga sanamu, na mwaka mmoja kabla ya kifo chake akatoa kumbukumbu zake, zenye masengenyo matamu kuhusu karibu kila mtu isipokuwa yeye mwenyewe.

Kuna chochote kinachomuunganisha na Afrika Mashariki?

Yeye binafsi, hapana. Studio yake, ndiyo. Mwaka 1929, wakati MGM ikimwandaa Garbo kusema, ilituma kikosi kizima chini ya W. S. Van Dyke kuja Kenya, Uganda, Tanganyika na Kongo kupiga Trader Horn, iliyotoka 1931. Mmoja wa wahusika wakuu alichezwa na Mkenya, Mutia Omoolu. Skripti ile haikuwa ya Marion, na ukiitazama baada ya The Big House utaona mara moja: Waafrika wamewekwa pale kama mandhari, wakati wafungwa wa Marion, hata wale wasio na jina, wanaonekana ni watu wenye njaa na kisasi.

Nianze na filamu ipi?

Anza na Min and Bill. Haifiki dakika 70 na inakupa kila kitu chake kwa pamoja. Ikikuvutia, nenda The Big House, kisha The Champ, ukiwa na leso karibu. Anna Christie iweke ya nne, maana inahitaji uvumilivu: sehemu zake za kati zimebaki jukwaani, na baba wa Anna anaweza kukuchosha. Dinner at Eight ni ya kutazama na watu, kwa kuwa mnahitaji kucheka pamoja.

Kuhusu upatikanaji, Marekani hulinda filamu za enzi hiyo kwa miaka 95, kwa hiyo zile za 1930 ulinzi wake huko unaishia mwisho wa 2025 na za 1931 mwaka mmoja baadaye. Tafuta nakala iliyosafishwa sauti. Nakala chakavu zenye mkwaruzo zitakunyima lile tukio la ujia wa gereza, na bila kusikia sauti za nyuma ya milango utadhani kanda imekwama.